Uso Usiocheka: Kazi ya Buster Keaton katika Sinema na Televisheni

Katika miaka ya mwisho ya karne ya kumi na tisa, sinema ilipokuwa haijawa biashara, watu wa miji midogo ya Marekani ya kati walipata burudani yao kutoka kwa misafara ya wauza dawa, ambayo ilizunguka toka mahali hadi mahali ikikusanya halaiki kwa nyimbo, sarakasi na mzaha, na halaiki ilipokwisha kuvutika ndipo chupa za dawa zilipotolewa na kunadiwa kuwa ni shifa ya kila maradhi. Katika msafara wa namna hiyo walikuwamo Joe na Myra Keaton, mume akiwa hodari wa kuruka na kurusha mateke ya juu, na mke akiwa mpiga saksafoni. Na tarehe 4 Oktoba 1895, msafara ulipokuwa umetua katika kitongoji cha Piqua, jimbo la Kansas, wakajaaliwa mtoto wao wa kwanza, wakamwita Joseph Frank. Ulimwengu ulikuja kumjua kwa jina la Buster, ambalo, kwa riwaya ya wazazi wake, alipewa alipoporomoka ngazini angali mchanga sana, akainuka bila dhara wala kilio.

Tangu mwaka 1900, akiwa na umri wa kama miaka mitano, mtoto huyu alikuwa na riziki yake jukwaani. Wazazi walikwisha toka katika misafara ya dawa wakaingia katika majumba ya vodevili, yaani kumbi za michezo mchanganyiko zilizokuwa zimeenea katika kila mji mkubwa wa nchi ile, na mchezo wao ulijulikana kwa jina la Keaton Watatu. Mambo yake yalikuwa sahili: baba anajaribu kumfunza mwana adabu, mwana anamkaidi, na baba anamkamata na kumrusha huku na huku, mara nyuma ya pazia, mara shimoni kwa wapiga muziki, na mara nyingine hata katikati ya hadhirina. Mama alimshonea mkono wa sanduku la safari mgongoni mwa koti lake, ili baba apate mahali pa kumshika. Watu wa jamii ya kuwalinda watoto katika New York walimfuatilia kijana huyu miaka mingi, wakamvua nguo kumtafuta michubuko, wasiione, maana alikuwa amekwisha jifunza namna ya kuulegeza mwili, ya kuupokea mwanguko kwa kiganja au kwa unyayo, na ya kuutawanya uzito wake usikusanyike penye mfupa. Mwenyewe alipokuwa mtu mzima alishikilia kwamba hakuumizwa. Mimi siwezi kulipokea neno hilo kwa wepesi, kwa sababu mtoto anayelisha nyumba yake kwa kurushwa hana nafasi ya kulalamika, tena baba yake alikuwa mlevi, na ulevi ule ulizidi mwaka hata mwaka, hata mikono iliyokuwa ikimrusha kijana ikawa haina tena hesabu. Lakini sina budi kukiri pia kwamba mchekeshaji aliyekuja kustaajabiwa baadaye alitengenezwa pale, katika miaka ile kumi na saba ya kuanguka mbele za watu.

Na jambo moja kubwa alilolipata pale ni ule uso. Aligundua, angali mdogo, kwamba kila alipocheka au kutabasamu baada ya kuanguka, watazamaji walipunguza kicheko chao, na kila alipobaki kimya na uso mkavu, kana kwamba aliyerushwa ni mwingine na yeye anatafakari jambo la maana, ukumbi mzima ulivunjika mbavu. Baba naye alipomwona anaelekea kutabasamu humnong'oneza aufunge uso. Waandishi waliokuja kumwandika walipenda kuuita uso ule wa jiwe, na nadhani walikosea, kwa kuwa mtu akiutazama kwa makini huona macho yanayofanya kazi wakati wote, yakipima, yakihofu, yakitumaini, yakiamua. Kilichokosekana ni tabasamu peke yake.

Mwaka 1917 aliachana na baba yake, akaenda New York, na kwa kuwa jina lake lilikuwa limevuma alipata mara moja mkataba wa kucheza katika onyesho kubwa la jukwaani kwa mshahara wa dola 250 kila juma. Kabla onyesho halijaanza alikutana na Roscoe Arbuckle, mchekeshaji mnene aliyependwa sana katika sinema za zama hizo, naye akamkaribisha aje kuangalia jinsi filamu inavyopigwa. Filamu hiyo iliitwa The Butcher Boy. Keaton aliingia akiwa mgeni, akatiwa katika mchezo siku ile ile, akacheza mteja wa duka anayenunua shira na kuishia kunatwa nayo kofia na miguu. Na lililomvuta zaidi ya kucheza ni ile mashine ya kupigia picha, ambayo aliomba aifungue aone kilichomo ndani, jinsi ukanda unavyopita na jinsi lenzi inavyoupokea mwanga. Akauacha mkataba wa dola 250, akakubali dola 40 kwa juma. Watu wa hesabu watasema ni hasara, ila kila alichokifanya baadaye kilitokana na uamuzi ule. Vita vikuu vilimkatiza mwaka 1918, akapelekwa Ufaransa na jeshi la nchi yake, akarudi na masikio yaliyodhoofika, na ulemavu huo wa kusikia akawa nao hata mwisho wa umri wake.

Aliporudi, mtayarishaji Joseph Schenck alimpa studio yake mwenyewe katika Hollywood, ile ambayo zamani ilikuwa ya Charlie Chaplin, na tangu mwaka 1920 hadi 1923 alitoa humo filamu fupi kumi na tisa. Ya kwanza kuonyeshwa, One Week, ni habari ya bwana na bibi arusi waliopewa nyumba iliyokuja vipande vipande ndani ya masanduku, na hasidi mmoja akabadilisha nambari za masanduku, hata nyumba ilipokwisha simama milango yake ikawa inatazama angani na kuta zake zimepinda. Mwaka uliofuata alitoa The Playhouse, ambayo sehemu yake ya mwanzo inaonyesha jumba la mchezo ambamo kila mtu ni Keaton: wapiga muziki, watazamaji wazee, wake na waume, na mwishowe wachezaji tisa waliopangwa safu moja jukwaani, wote wakiwa ni yeye. Siku hizo ukanda ulisogezwa kwa mkono, na mpigaji picha wake Elgin Lessley alilazimika kuurudisha ukanda ule ule nyuma na kuupitisha upya mara tisa, kila mara akifunua kipande kimoja tu cha lenzi na kuzungusha mkono wa kamera kwa mwendo usiopungua wala usiozidi, huku Keaton akicheza kwa kufuata mapigo aliyokuwa ameyapima, ili huyu wa kulia asimtangulie huyu wa kushoto. Wenzake wa kazi hiyo walimuuliza miaka mingi namna alivyofanya.

Ilikuwa ni zama ambazo mchekeshaji hakuhitaji mkalimani. Filamu za kimya zilivuka bahari bila kizuizi, zikaonyeshwa Tokyo na Moscow, Bombay na Zanzibar, ambako jumba la Royal lilifunguliwa mwaka 1921 kwa ajili ya watu wa lugha nyingi walioketi pamoja, na mtu asiyejua neno moja la Kiingereza aliweza kufahamu kisa kizima kwa kutazama mwenendo wa viungo. Katika sanaa hiyo ya kuonyesha bila kusema, Keaton alikuwa bahili wa maandishi kuliko wengi. Alipunguza maneno yaliyoandikwa kati ya picha kadiri alivyoweza, kwa itikadi kwamba tendo likihitaji kuelezwa halijatendwa vizuri.

Tangu mwaka 1923 aliingia katika filamu ndefu, na hapo ndipo palipo ufundi wake wote. Hakuandika mchezo mapema. Alikaa na wasaidizi wake wakatafuta mwanzo mzuri na mwisho mzuri, na ya katikati yakaachwa yajitafute yenyewe mahali pa kazi. Fikira zilipokwama, watu wote wa studio walitoka nje kucheza besiboli mpaka mmoja apate wazo, kisha mpira ukawekwa kando na kamera ikarudishwa. Tena aliiweka kamera mbali, ili mtazamaji auone mwili mzima na mahali pote ulipo, na aghalabu hakukata picha katikati ya tendo la hatari, kwa sababu alijua kwamba picha ikikatwa mtazamaji ana haki ya kushuku hila. Ikiwa ni kuanguka, aanguke kweli na kuonekana akianguka kutoka mwanzo mpaka chini. Kwa maoni yangu adabu hii kwa mtazamaji ndiyo tofauti yake na umati wa wachekeshaji wa wakati wake: hakumdai mtu kicheko kabla hajamlipa ukweli. Katika Sherlock Jr. ya mwaka 1924 anakimbia juu ya mabehewa ya treni inayokwenda, anadandia bomba la tangi la maji, na maji yanamshukia kwa nguvu na kumtupa juu ya reli. Alipata maumivu ya kichwa kwa siku kadhaa akaendelea na kazi, na miaka mingi ilipita ndipo daktari, katika kumpima kwa jambo jingine, alipomwambia kuwa shingo yake iliwahi kuvunjika.

Filamu aliyoipenda kuliko zote ni The General, aliyoitengeneza mwaka 1926 kutokana na kisa cha kweli cha vita vya wenyewe kwa wenyewe vya Marekani, wakati mwaka 1862 majasusi wa Kaskazini walipoiba garimoshi la Kusini na kukimbizwa na wenye nalo. Ili apate reli za kale alikwenda na watu wake mpaka Cottage Grove katika jimbo la Oregon, akakodi mamia ya askari wa akiba wa jimbo hilo, ambao walivaa sare za jeshi moja wakapita kamera kutoka upande mmoja, kisha wakabadili sare na kupita kutoka upande wa pili kwa sura ya adui. Yeye mwenyewe ni mwendesha garimoshi aliyekataliwa jeshini kwa kuwa kazi yake ni ya manufaa zaidi, na hakuambiwa sababu, basi mchumba wake anamdhania mwoga. Katika tendo moja anaketi kwa huzuni juu ya ule mtalimbo mrefu unaounganisha magurudumu, na garimoshi linaondoka polepole, mtalimbo unampandisha na kumshusha, naye hana habari mpaka anapoingizwa gizani bandani. Magurudumu yangeteleza na kuzunguka ghafla, angekufa. Katika tendo jingine, lililopigwa mara moja tu kwa kuwa halikuweza kurudiwa, garimoshi zima linapita juu ya daraja la mbao linaloungua, daraja linakatika, na mashine inaporomoka mtoni. Gharama ya dakika ile ilitajwa kuwa dola 42,000, na chuma kile kililala mtoni mpaka vita vya pili vya dunia, kilipoopolewa na kuuzwa.

Watazamaji wa mwaka 1927 hawakuipenda, na watu wa magazeti waliihukumu kuwa ndefu na ya kuchosha. Fedha nyingi zilipotea, na Schenck akaanza kuufunga mfuko. Filamu ya mwisho ya uhuru wake, Steamboat Bill, Jr., ya mwaka 1928, ndiyo iliyo na lile tendo ambalo hata asiyejua jina lake amepata kuliona: katika tufani, ukuta wa mbele wa nyumba, wenye uzito wa kama tani mbili, unamwangukia mzima mzima, na yeye amesimama mahali ambapo dirisha dogo la juu linampitia mwilini na kumwacha wima. Nafasi ilikuwa inchi chache kila upande. Msumari ulipigwa ardhini kumwonyesha pa kusimama, na inasimuliwa kuwa baadhi ya wafanya kazi waligeuza nyuso zao wasitazame.

Mwaka huo huo, kwa ushauri wa Schenck, alitia sahihi mkataba na kampuni kubwa ya MGM. Wachekeshaji wenzake Chaplin na Harold Lloyd walimwonya, naye mwenyewe alikuja kulitaja jambo hili kuwa kosa kubwa kuliko yote aliyoyafanya katika kazi yake. Wakuu wa kampuni hawakuwa na nia mbaya naye. Walimlipa vizuri, wakamheshimu, ila walitaka kila kitu kiandikwe, kipitishwe na kihesabiwe kabla ya kamera kuzungushwa, na wakamkataza michezo ya hatari kwa kuwa mwili wake ulikuwa mali ya kampuni. Filamu ya kwanza, The Cameraman, bado ilikuwa na pumzi ya zamani. Baada yake mlango ulifungwa. Sinema iliposhikwa na sauti alitiwa katika visa vya maneno mengi na upuuzi mwingi, na katika zile za mwanzo alilazimika kuyarudia matendo yale yale kwa Kihispania, Kifaransa na Kijerumani, akiyakariri matamshi asiyoyafahamu. Kisha wakamfunga pamoja na Jimmy Durante, mtu wa kelele, na wawili hao wakikaa katika picha moja mmoja lazima ammeze mwenziwe. Na ajabu inayouma ni kwamba filamu hizi mbovu zilileta fedha nyingi kuliko The General, basi wakuu wakajiona wako sahihi. Yeye akaangukia katika pombe. Mwaka 1932 yeye na mkewe, Natalie Talmadge, walitalikiana, na jina la Keaton likaondolewa kwa wanawe wawili wakaitwa kwa ukoo wa mama yao. Mwanzoni mwa mwaka 1933 kampuni ikamfukuza.

Miaka iliyofuata nitaipita haraka. Alitengeneza filamu fupi za bei rahisi, kumi na sita katika kampuni moja na kumi katika nyingine, akatibiwa, akaiacha pombe kisha akairudia, na mwishowe akarudi MGM ile ile kwa dola 100 kila juma, akikaa chumbani kuwabunia vituko wengine kama Marx Brothers na Red Skelton. Mwaka 1940 alimwoa Eleanor Norris, mcheza dansi kijana aliyekuwa mdogo kwake kwa miaka zaidi ya ishirini, na watu wakatabiri kuwa ndoa haitadumu. Ikadumu mpaka kufa kwake, na mwanamke huyu ndiye aliyemtuliza. Mwaka 1947 walikwenda Paris, akacheza katika sarakasi ya Medrano, nao Wafaransa walimpokea kwa heshima ambayo nyumbani ilikuwa imesahauliwa.

Televisheni ndiyo iliyomrudisha. Mwezi Desemba 1949 alialikwa katika kipindi cha Ed Wynn, na mbele ya kamera za siku hiyo akalitenda tena lile tendo la shira na kofia alilolifanya siku yake ya kwanza ya sinema miaka thelathini na miwili nyuma. Mara akapewa kipindi chake katika kituo kimoja cha Los Angeles, kikirushwa moja kwa moja mbele ya watazamaji, naye, aliyekuwa amepita miaka hamsini, akaanguka, akarushwa na kubiringika kila juma. Kazi hiyo ilimchosha, siyo mwili bali ubongo, kwani katika vodevili kituko kimoja kizuri kingemlisha mtu mwaka mzima akizunguka miji, ilhali televisheni ilikila kwa usiku mmoja na kudai kingine. Akakiacha kipindi akawa mgeni wa vipindi vya wengine, akacheza katika matangazo ya biashara ya dawa za tumbo, bia na magari, na katika kipindi cha Candid Camera aliketi katika mkahawa mbele ya watu wasiomjua, nywele zake za bandia zikatumbukia katika supu. Wapo waliohuzunika kumwona bwana wa The General akiuza dawa ya kiungulia. Sikubaliani nao. Alizaliwa katika msafara wa wauza dawa, hakuona aibu katika kazi hiyo, na matangazo yale mafupi, yasiyo na maneno mengi, yalimpa nafasi ya kupanga tendo kwa mkono wake kuliko mkataba wowote wa MGM. Mwezi Desemba 1961 alicheza katika kisa kimoja cha The Twilight Zone, ambamo sehemu za zama za kale zilipigwa bila sauti, na watoto waliozaliwa baada ya sinema ya kimya kuisha wakauona mwendo wake kwa mara ya kwanza.

Wakati huo huo hukumu ya zamani ilikuwa ikigeuzwa. Mwaka 1949 mwandishi James Agee alichapisha katika jarida la Life makala marefu yaliyomweka Keaton katika safu moja na Chaplin, Lloyd na Harry Langdon. Chaplin mwenyewe akamwita wacheze pamoja katika Limelight ya mwaka 1952, na hiyo ni filamu ndefu pekee ambamo wawili hao wanaonekana pamoja. Katika nyumba ya fahari iliyokuwa yake zamani, mwigizaji James Mason alizikuta kanda zake zimefichika, na Raymond Rohauer akashika kazi ya kuzikusanya, kuzinakili kabla hazijaoza na kuzirudisha katika kumbi. Mwaka 1960 akapewa tuzo ya heshima ya Oscar. Mwaka 1964 akacheza katika Film, kazi pekee ya sinema iliyoandikwa na Samuel Beckett, ambamo kamera inamfuata kwa nyuma na kumnyima mtazamaji uso wake mpaka mwisho. Nayo ilipoonyeshwa katika tamasha la Venice mwezi Septemba 1965, watu walisimama wakampigia makofi yasiyokwisha. Alifariki tarehe 1 Februari 1966, kwa saratani ya mapafu, akiwa na umri wa miaka 70.

Kwa anayetaka kujua alivyofanya kazi, ushahidi mzuri kuliko wote ni wa Kanada. Mwaka 1964 alitengeneza huko The Railrodder, filamu isiyo na maneno, ambamo mzee aliyevaa kofia bapa anaivuka nchi nzima kutoka bahari hadi bahari juu ya kigari kidogo cha reli, na wakati huo huo John Spotton alikuwa akimpiga picha nyingine za nyuma ya kazi hiyo. Humo anaonekana akibishana na mwongozaji kijana Gerald Potterton, aliyetaka kumwepusha na hatari. Keaton anataka avuke daraja refu la reli akiwa amefunikwa na ramani kubwa, asione mbele wala chini; kijana anaogopa, na tendo linapangwa kwa namna iliyo salama zaidi. Jioni mzee hakuridhika. Anaeleza kwa upole, bila kupaza sauti, kwamba ramani peke yake haina kitu, na daraja peke yake halina kitu, na kwamba mtazamaji hatacheka asipoyaona mawili hayo katika picha moja. Mwishowe daraja likavukwa kwa namna aliyoitaka yeye, na ndivyo lilivyo katika filamu.